Olegas Truchanas na Ziwa Pedder: mpigapicha aliyelipwa mshahara na waliozamisha ziwa lake

Olegas Truchanas alikuwa mwajiriwa wa Tume ya Umeme wa Maji ya Tasmania wakati tume hiyo ilipopanga kulizamisha Ziwa Pedder. Mchana alikuwa ofisini kwao. Saa za kazi zikiisha, aliwaonyesha watu picha za ziwa hilo akitumaini wangelikataa bwawa. Kisa hiki husimuliwa mara nyingi kama cha shujaa mmoja dhidi ya mitambo, na kikisimuliwa hivyo kinachekesha na kuliza, lakini jambo lenye faida zaidi linapita bila kuonekana. Kazi ya Truchanas ilishindwa mwaka 1972. Kazi ya namna ile ile, ya kijana aliyemlea mwenyewe, ilishinda mwaka 1983, katika bonde la mto jirani, dhidi ya tume ile ile. Ubora wa picha hauwezi kueleza tofauti hiyo. Kinachoieleza ni nani alikuwa anaziangalia, na aliyeziangalia alikuwa na uwezo gani wa kuamua.

Truchanas alizaliwa mwaka 1923 mjini Šiauliai, Lithuania. Ujana wake uliangukia miaka ambayo nchi hiyo ilitwaliwa na Wasovieti, kisha Wajerumani, kisha Wasovieti tena. Alikuwa upande wa wapiganaji wa upinzani, na vita vilipomalizika alijikuta Ujerumani, akisoma sheria Munich huku akiwa mkimbizi asiye na pa kurudi. Mwaka 1948 akafika Tasmania. Australia ya wakati huo ilikuwa ikiwapokea Wazungu waliong'olewa na vita kwa sharti moja: miaka 2 ya kazi yoyote watakayopangiwa. Yeye alipangiwa ukibarua katika kiwanda cha zinki cha Hobart, mji mkuu wa Tasmania. Sheria aliyoisomea Munich haikumsaidia kitu. Mkataba ulipokwisha akaingia Tume ya Umeme wa Maji, na humo ndimo alimopata riziki yake.

Tume hiyo, ambayo wenyeji waliiita Hydro tu, haikuwa ofisi ya kawaida. Tasmania ni kisiwa chenye milima na mvua nyingi, na kwa miongo kadhaa wanasiasa wake waliamini kwamba maji hayo yakigeuzwa umeme wa bei nafuu yangevuta viwanda na ajira. Vyama vyote viwili vikubwa vilikubaliana katika hilo. Eric Reece wa chama cha Labor, aliyekuwa waziri mkuu wa jimbo kuanzia 1958, aliushikilia mpango huo hata akabandikwa jina la Electric Eric. Na waliotoa jasho la kujenga mabwawa yenyewe, wengi wao walikuwa wahamiaji waliotoka Ulaya baada ya vita. Ndiyo maana naona uhamiaji wa Truchanas si pambo la kisa hiki. Hydro iliwapa wageni kazi, nyumba na nafasi ya kujiita Watasmania. Wakunga hawatukanwi na uzazi ungalipo, na Truchanas uzazi wake ulikuwa ungalipo: mke, watoto 3, na bahasha ya mshahara iliyotoka humo humo.

Alichokipenda kisiwani kilikuwa kusini-magharibi, eneo la milima ya mawe meupe ya kwazaiti, mbuga zenye maji yaliyotuama, vichaka visivyopenyeka na mito iliyojichimbia makorongo. Barabara ya maana ya kuingia huko ilichongwa miaka ya 1960 tu, tena kwa ajili ya mabwawa. Kabla ya hapo mtu aliingia kwa miguu, chakula cha wiki nzima mgongoni, mvua ikimnyeshea karibu kila siku. Truchanas aliingia peke yake mara nyingi. Mwaka 1954 alijaribu kuufuata Mto Serpentine hadi Mto Gordon kwa kayaki na akashindwa. Maji yaliichukua kayaki. Mwaka 1958 akarudi na nyingine aliyoibuni mwenyewe, akapita katika korongo la Gordon Splits ambako hakuna aliyejulikana kupita kabla yake, akatokea Macquarie Harbour, upande wa pili wa kisiwa, akiwa peke yake na kamera.

Nalitaja hilo kwa sababu watu humwona kama msanii aliyependa mandhari. Mimi namwona kwanza kama shahidi. Sehemu kubwa ya alichokipiga picha hakuna Mtasmania wa mjini aliyekuwa amekiona. Bunge lingeweza kukizamisha bila mtu kujua kilichozama.

Ziwa Pedder lilikuwa dogo, chini ya kilomita za mraba 10, chini ya safu ya milima ya Frankland. Uzuri wake ulikuwa ufuo. Wakati wa kiangazi maji yaliposhuka, upande mmoja ulibaki na mchanga wa kwazaiti wenye weupe unaoelekea waridi, urefu wa karibu kilomita 3 na upana wa mamia ya mita, mgumu kiasi kwamba ndege ndogo zilitua juu yake. Maji yenyewe yalikuwa na rangi ya chai ya rangi, kwa sababu ya majani na mizizi inayooza mbugani, lakini safi. Upepo ulipokwisha yaliakisi milima yote. Katika slaidi za Truchanas kuna watu wadogo sana wakitembea katika ufuo huo, na mara nyingi mtazamaji huwaona baada ya kuiangalia picha kwa muda. Hilo alilifanya makusudi, nina hakika. Bila mtu ndani yake, mchanga ule ungeweza kuwa wa ukubwa wowote.

Mwaka 1955 ziwa na eneo lake lilitangazwa hifadhi ya taifa. Miaka 12 baadaye serikali ya Reece ikaleta mpango wa kuweka mabwawa katika bonde la Gordon na lile la Huon na Serpentine, na hadhi ya hifadhi ikafutwa. Watu wapatao 10,000 walitia sahihi kupinga, idadi kubwa kwa jimbo lenye watu chini ya laki 4. Bunge likapitisha.

Mwaka huo huo wa 1967, tarehe 7 Februari, moto wa nyika ulishuka kutoka milimani na kuingia vitongoji vya Hobart. Zaidi ya watu 60 walikufa na nyumba zaidi ya elfu moja ziliteketea. Nyumba ya Truchanas ilikuwa mojawapo. Familia ilinusurika. Slaidi za takriban miaka 20, pamoja na za safari ya 1958, ziliungua. Kwa hiyo ndani ya miezi michache alipoteza kumbukumbu ya mahali, kisha mahali penyewe pakaondolewa ulinzi wa sheria. Mtu wa miaka 43 angeweza kusema basi, nimefanya sehemu yangu. Yeye alianza upya kupiga picha zile alizopoteza, safari kwa safari, akijua kwamba sehemu nyingine angezipiga mara ya mwisho.

Hapo ndipo kwenye fundo la kisa. Mtumishi wa umma wa Tasmania wa wakati huo hakutarajiwa kubishana na mwajiri wake hadharani, na mwajiri wake ndiye aliyekuwa akijenga bwawa. Njia zilizokuwa mbele yake zilikuwa kujiuzulu na kusema yote, au kukaa kimya na kulinda mkate wa watoto. Alichagua kubaki kazini na kuonyesha picha. Alikuja na projekta, akazima taa, slaidi zikapita polepole moja ikiyeyukia katika nyingine, muziki ukisikika, maneno machache. Hakuna kanuni ya utumishi inayokataza kumwonyesha mtu ziwa.

Watu wengi huisifu njia hiyo kwa utu wake na mimi sibishi. Ila iligharimu. Hydro ndiyo iliyokuwa na takwimu zote: kiasi cha maji, gharama ya njia mbadala, mahitaji ya umeme ya miaka ijayo. Wapinzani hawakuwa na wahandisi wa kuzichambua. Mtu aliyekaa ndani ya tume angeweza kuwasaidia katika hilo, lakini kufanya hivyo kungekuwa kuvunja uaminifu wa kazi, na hakuna dalili kwamba Truchanas alifikiria kuuvunja. Matokeo yake, upande mmoja uliongea megawati na upande mwingine uliongea uzuri. Wabunge walikuwa wamezoea kupiga kura juu ya megawati. Uzuri haukuwa na kifungu kwenye muswada.

Kuna ushindi wake mmoja ambao hautajwi sana, na kwangu unasema mengi. Kando ya Mto Denison aliikuta misonobari ya Huon iliyosalia, miti inayokua taratibu mno na inayoweza kufikisha miaka 2,000 na zaidi. Mingi ya aina hiyo kisiwani ilikuwa imekatwa tangu karne ya 19 kwa ajili ya mbao za mashua, kwa sababu haiozi upesi. Truchanas aliipigania kwa njia ya kiofisi: picha, ramani, barua, vikao na wakubwa. Eneo likatengwa, na leo hifadhi hiyo ina jina lake. Ukiweka misonobari na ziwa kando kwa kando unaona kwamba njia ya kimya ilifaa pale ambapo kuhifadhi hakukumnyima Hydro kitu kikubwa. Ilipogusa kiini cha mpango wa umeme, kimya kilikuwa silaha butu.

Hadi kufika 1971 mambo yalikuwa yamepamba moto. Kundi la wachoraji wa rangi za maji, akiwemo Max Angus, lilikwenda naye Pedder kuchora. Ukumbi wa manispaa ya Hobart ulijaa watu waliokuja kuziona slaidi zake. Katika ufunguzi wa maonyesho ya michoro ya ziwa, mwaka huo huo, alisema hadharani yaliyokuwa moyoni: kwamba watu wakiacha kujiona washindi wa ardhi na wakakubali kuwa wasimamizi wake, Tasmania ingeweza kuwa taa kwa dunia inayozidi kufanana kila mahali. Kwa karani wa Hydro hayo yalikuwa maneno makubwa. Nafikiri kuwa mgeni kulimsaidia kuyasema. Aliyezaliwa kisiwani alijua kusini-magharibi kama pori lisilofaa kitu. Aliyetoka Ulaya iliyokwisha kulimwa, kujengwa na kulipuliwa mabomu alijua kwamba mahali kama hapo hakupatikani tena kwingine.

Tarehe 6 Januari 1972 alikuwa tena Mto Gordon, akitaka kupata upya picha zilizoungua kabla bwawa halijabadilisha mto. Aliteleza, maji yakamchukua. Mwili wake ulipatikana siku chache baadaye, na aliyemkuta alikuwa Peter Dombrovskis, yule kijana aliyemlea.

Ziwa lilianza kujaa mwaka huo huo. Kabla ya hapo, mwezi Machi, wapinzani wa bwawa walikuwa wameunda United Tasmania Group, kinachohesabiwa na wengi kuwa chama cha kwanza cha kijani duniani, lakini uchaguzi wa jimbo uliofuata ulimrudisha Reece madarakani. Mwezi Septemba Brenda Hean na rubani Max Price walipaa kuelekea Canberra, mji mkuu wa Australia, ili kuandika ujumbe wa kupinga bwawa angani. Ndege yao ilipotea na haikuonekana tena, na maswali kuhusu hujuma hayajaisha hadi leo. Mwaka 1973 kamati iliyoundwa na serikali ya shirikisho ya Gough Whitlam ilipendekeza ujazaji usimamishwe kwa muda, na Canberra ikawa tayari kulipa gharama. Reece akakataa. Huu ndio mstari wa kuuangalia vizuri: nchi nzima kwa mara ya kwanza ilikuwa tayari kulinunua ziwa, na haikuwa na nguvu ya kumlazimisha mwenye nalo kuliuza. Badala ya ziwa la kilomita za mraba chini ya 10, pakawa na bwawa la zaidi ya 240. Jina la Pedder likahamishiwa kwenye bwawa, jambo ambalo mpaka sasa linawaudhi waliolijua la awali.

Dombrovskis alizaliwa mwaka 1945 Wiesbaden, Ujerumani, kwa wazazi wa Latvia, na aliletwa Tasmania na mama yake mwaka 1950, bila baba. Truchanas alikuwa mtu wa makamo aliyemfundisha kayaki, pori na kamera, na kwa maelezo yote alikuwa karibu na baba kuliko mwalimu. Watu wawili kutoka Baltiki, wote waliotupwa kisiwani na vita ile ile. Dombrovskis akachukua kamera kubwa ya filamu za karatasi moja moja, nzito, inayotaka stendi na subira, akaipeleka mahali ambapo watu walishindwa kupeleka hema.

Mwishoni mwa miaka ya 1970 Hydro ilitaka bwawa jingine, kwenye Mto Gordon chini ya makutano yake na Mto Franklin. Safari hii wapinzani, wakiongozwa na Bob Brown na shirika la kutetea pori la Wilderness Society, walikuwa wamejifunza. Kuanzia Desemba 1982 walikwenda kuzuia mashine mtoni na zaidi ya watu 1,200 wakakamatwa. Na kabla ya uchaguzi wa shirikisho wa tarehe 5 Machi 1983, picha ya Dombrovskis ya kona ya Rock Island, mto ukipinda kwenye mwamba mweusi huku ukungu wa asubuhi ukishuka juu ya maji, ilichapishwa kwa rangi katika magazeti makubwa ya Sydney na Melbourne, pamoja na swali kwa msomaji kama angeweza kukipigia kura chama kitakachopaharibu hapo.

Angalia swali hilo limeelekezwa kwa nani. Truchanas alionyesha slaidi kwa watu wa Hobart, ambao bunge lao lilikwishaamua na vyama vyao vyote viwili vilitaka bwawa. Mtazamaji alitoka ukumbini amelia, kesho yake hakuwa na karatasi ya kura yenye chaguo alilolitaka. Msomaji wa Melbourne mwaka 1983 alikuwa nayo ndani ya siku chache. Chama cha Labor cha Bob Hawke kilikuwa kimeahidi kulizuia bwawa, eneo lilikuwa limeingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1982, na mkataba wa kimataifa unaoiongoza orodha hiyo uliipa serikali ya shirikisho msingi wa kisheria ambao Whitlam hakuwa nao. Hawke alishinda. Tarehe 1 Julai 1983 Mahakama Kuu ikatoa hukumu kwa majaji 4 dhidi ya 3 kwamba Canberra ina mamlaka ya kulizuia bwawa. Jaji mmoja tu angegeuka, picha ile leo ingekuwa ya mahali palipozama, kama za Pedder.

Kuna dosari moja katika kazi ya wote wawili ambayo mchambuzi asiinyamazie. Picha zao ziliwafundisha Waaustralia kuiona kusini-magharibi kama nchi isiyoguswa na binadamu. Haikuwa hivyo. Pango la Kutikina, kando ya Mto Franklin, lilikutwa na zana za mawe na mifupa ya wanyama waliochinjwa na mababu wa Waaborijini wa Tasmania miaka ipatayo 20,000 iliyopita, enzi za barafu. Ushahidi huo wa watu ndio uliokuwa sehemu ya hoja ya kulinda eneo mahakamani. Ukungu kwenye mwamba uliwagusa wapiga kura. Mahakamani mapango nayo yalikuwa na kazi yake. Truchanas hangeweza kujua habari za Kutikina, lakini wanaotumia picha zake leo wanazijua, na kuendelea kuzinadi kama picha za nchi tupu ni kuwafuta watu mara ya pili.

Je, alikosea kubaki Hydro? Nimelifikiria swali hili na jibu langu ni hapana, ila si kwa sababu zinazotolewa kwa kawaida. Hata kama angejiuzulu mwaka 1967 na kupayuka, mkono wa kumzuia Reece haukuwepo. Ulikuja kupatikana 1982 na 1983. Kujiuzulu kungempa heshima na kumpunguzia safari, maana aliyekosa mshahara hanunui filamu. Alichoweza kukifanya ndani ya mipaka ile alikifanya: alihakikisha kwamba ziwa halizami bila mashahidi, akamfundisha kijana mmoja kazi, na miongoni mwa watu waliojaa ukumbini 1971 ndimo walimotoka walioendesha kampeni ya Franklin.

Kuhusu ziwa lenyewe, mambo bado hayajafungwa. Miaka ya 1990 wapiga mbizi na wanasayansi walichunguza chini ya bwawa wakaukuta ufuo na matuta yake vipo, vimefunikwa na tope jembamba. Mwaka 1995 kamati ya bunge la shirikisho ilikubali kwamba kitaalamu kulirudisha kunawezekana, lakini haikupendekeza lirudishwe. Samaki mdogo wa Pedder, galaxias, alitoweka katika maji yake ya asili na aliokolewa kwa kuhamishiwa Ziwa Oberon, juu katika safu ya Western Arthur, ile ile ambako Dombrovskis alifariki mwaka 1996 akiwa safarini na kamera. Mnyoo mmoja wa ufuo wa Pedder umehesabiwa kuwa umetoweka kabisa. Maji ya bwawa hilo yanaendelea kupita mferejini kwenda kulilisha Ziwa Gordon na kituo chake cha umeme, na wanaodai marejesho hawana upungufu wa picha. Kinachotakiwa kwao sasa ni kile ambacho Truchanas hakuruhusiwa kukitoa ofisini: hesabu za kihandisi za umeme utakaopotea, na utatoka wapi mwingine.